Shahidi wa Mchana Kweupe

Kaka yangu alikuwa akipiga simu kila Jumapili asubuhi, mama akiwa ameshamaliza sala zake na chai iko jikoni, na kila Jumapili aliuliza jambo moja tu: mama mdogo, ndivyo alivyomwita mama yangu, atasema vile vile alivyosema mwanzo?

Hakuwa kaka wa tumbo moja. Alikuwa mtoto wa baba mkubwa, ndugu wa marehemu baba yangu. Mama yake alikufa akimzaa, huko Unguja, na mama yangu, ambaye alikuwa na mimi kifuani wakati ule, akamnyonyesha pamoja nami. Tulikulia nyumba moja ya Mji Mkongwe, tukila sahani moja na kugombania mto mmoja, mpaka yalipokuja Mapinduzi na wakubwa wetu wakatawanyika. Baba mkubwa alimchukua mwanawe wakarudi kwa mababu, mji mdogo wa Kutch, India. Sisi tukaishia London, katika flati ya Kilburn iliyo juu ya duka la mapazia. Kaka aliondoka Unguja ana miaka saba, na Kiswahili chake kikabaki cha miaka saba. Mtu mzima, sauti nzito, anakwambia: "Mama mdogo, mie nimekula, nimeshiba, nimelala." Zamani nilikuwa nikicheka. Mwaka ule nikaanza kuogopa.

Alichokuwa akiuliza ni maisha ya baba yake. Baba mkubwa alikuwa rumande, ameshitakiwa kwa kuua, na shahidi pekee aliyeona kwa macho alikuwa mama yangu, bibi wa miaka sabini anayepanda basi kwenda kununua mboga na kugombana na kila dereva. Kesi ilisubiri neno lake. Akisema ni yeye, mzee atanyongwa au atafia jela. Akisema siye, ataachiwa. Hakuna aliyejificha nyuma ya maneno mengine, tulilijua hilo sote, mama kuliko wote.

Mambo yalitokea wakati mama yuko Kutch, alikokwenda kukimbia baridi ya London kama kawaida yake. Chumba cha mbele cha nyumba ya baba mkubwa kilipangishwa fundi cherehani, mtu mpole, wa miaka mingi hapo, asiyetaka kuhama. Kaka alitaka nyumba iuzwe. Baba mkubwa hakusema ndiyo wala la. Siku hiyo ilikuwa mchana, nyumba imelala, na mama ameketi sakafuni kwenye veranda ya upande wa pili wa ua akichambua mchele. Akaona mtu anavuka ua, anachechemea, amevaa champali za baba mkubwa, zile ndara zake za ngozi. Akamwona anapanda kidato cha mlango wa fundi. Akaisikia pasi nzito ya fundi ikishuka, na fundi akianguka. Mama akapiga kelele hadi sauti ikakauka. Majirani walipoingia, walimkuta baba mkubwa amesimama uani, kimya, na champali zake ziko mlangoni zina damu. Polisi walipomuuliza hakukana wala hakukubali. Tangu saa ile hakutoa neno.

Jua lilikuwa juu, ua wenyewe ni mdogo kiasi cha kupeana kikombe mkono kwa mkono, na shahidi anamjua mshitakiwa kwa miaka hamsini. Mwendesha mashtaka, mtu mchangamfu aliyekuwa akitupigia simu kutoka India ili kumtayarisha mama, alifurahi kama mtu aliyeletewa zawadi. Aliniambia katika kazi yake yote hakuwahi kupata shahidi wa namna ile.

Tatizo lilikuwa daktari na maabara. Daktari aliyeipasua maiti aliandika kwamba pigo lilishuka kutoka juu, la mtu mrefu mwenye nguvu, na baba mkubwa alikuwa mzee aliyepinda mgongo, mfupi kuliko fundi mwenyewe. Halafu kwenye mwimo wa mlango, uliopakwa chokaa nyeupe, palikuwa na alama ya kiganja cha damu. Wataalamu waliilinganisha na kiganja cha baba mkubwa. Haikuwa yake.

Mimi nimefanya kazi maisha yangu yote katika maabara ya damu ya hospitali, kaskazini ya London. Ukiniambia alama ya kiganja si ya mtu fulani, kwangu mimi basi, twende nyumbani. Nilimwambia mama hivyo siku ya kwanza niliposoma ile ripoti. Tuligombana vibaya sana. Aliniuliza kama nilikuwapo. Nikamwambia sikuwapo lakini kiganja kilikuwapo. Akaniambia kiganja hakina macho. Nikamwambia macho yana miaka sabini na miwani. Alininunia kuanzia siku hiyo hadi wiki ya pili yake, akiniwekea chakula mezani bila kunitazama, kama vile mimi ndiye niliyeua.

Nilimpigia mwendesha mashtaka nimsomee hiyo ripoti, kana kwamba yeye hakuisoma. Alinisikiliza kwa adabu zote. Kisha akanieleza kanuni yao, pole pole, kama mtu anayemfundisha mgeni kula kwa mkono. Kule kwao, jicho la mtu aliyekuwapo na neno la daktari vikipingana, jicho hutangulia. Maoni ya daktari ni maoni. Labda daktari awe amekuta kitu kinachofanya aliyosema shahidi yasiwezekane kabisa, hapo ndipo jicho huangushwa. Na je, haiwezekani kabisa mzee mwenye hasira akapata nguvu za ghafla? Haiwezekani kabisa fundi akawa ameinama? Na kiganja kinaweza kuwa cha jirani yeyote aliyekimbilia mle ndani akajishika mlangoni. Nikamuuliza, je, mmepima viganja vya majirani? Akacheka kidogo. Akaniambia, dada, hebu tumwache mama aseme alichoona.

Hata mimi najua maabara si msikiti wala hekalu. Nimeona chupa za damu zikibandikwa jina la mgonjwa mwingine. Nimeona sampuli ikisahauliwa karibu na hita na mtu mwenye shahada mbili. Usiku nilikuwa nikijiambia: huenda mama yuko sahihi, huenda mimi ni mtu wa karatasi tu. Lakini kiganja kile cha damu kwenye chokaa nyeupe hakikuniachia.

Na simu za Jumapili ziliendelea. Mwanzo nilimhurumia kaka. Nilidhani ni mtoto anayeteseka, anayetaka mambo yaishe, yawe yawavyo. Halafu nikaanza kusikia kile anachouliza. Hakuuliza hata mara moja kama mama ana hakika. Hakuuliza kama kuna njia ya kumwokoa baba yake. Mtoto wa mtu anayengojea kitanzi anataka kusikia neno moja tu, kwamba shahidi labda amekosea, na huyu alitaka kusikia kwamba hajakosea. Nilimwambia mama hilo siku moja tukiwa kwenye basi. Akageuza uso akatazama nje mpaka tuliposhuka.

Kabla ya siku ya ushahidi kaka alimtuma msafiri mmoja atuletee boksi la peda, vile vitamu vya maziwa ambavyo mama anavipenda. Boksi lilifungwa vizuri kwa utepe mwekundu. Mama aliliweka juu ya friji bila kulifungua. Alikuwa akipita hapo kila siku, na kila siku macho yake yalikwenda pale juu na kushuka. Mwisho nikalitupa mimi, nikalifunga kwanza kwenye mifuko miwili kama tunavyofunga taka za maabara, kisha nikajiona mjinga. Mama hakuuliza limekwenda wapi.

Ushahidi ulipangwa kutolewa kwa vidio, mama akiwa London na mahakama ikiwa India, kwa sababu madaktari wa hapa walimkataza kusafiri. Mwendesha mashtaka alisema wakili wa utetezi ni mkali, kwa hiyo nimzoeshe. Basi jioni moja nikakaa mbele ya mama pale jikoni, naye anachambua majani ya methi, yaani uwatu, kwenye gazeti, nikajifanya wakili wa utetezi. Mama alifurahi. Alinisahihisha hata jinsi ya kukaa.

"Ulimwona nani siku hiyo?" nikamuuliza kwa sauti ya mahakama.

"Nilimwona shemeji yangu mkubwa. Anavuka ua, anachechemea, champali zake miguuni. Akapanda kidato kwa mguu wa kulia, haraka, akaingia."

Alikuwa akisema hivyo hivyo kila mara, kwa maneno yale yale, kama dua. Polisi waliandika mambo mengi lakini habari ya mguu wa kulia waliiacha, na mimi pia niliizoea hata sikuisikia tena.

"Na uso wake ulikuwaje? Ana hasira? Ana woga?"

Mama akaacha kuchambua. Akanitazama, nikaona anataka kucheka.

"Uso? Uso wake miye n'uone wapi?"

"Mama, si umesema ulimwona."

"Nilimwona. Lakini ni shemeji mkubwa yule! Nilimsikia anakuja nikashusha sari yangu. Kwani wewe hujui? Toka siku niloolewa sijamtazama usoni. Hata babako alipokufa, alipokuja hapa London kwa msiba, nilikaa na sari yangu hivi." Akajivuta mtandio mpaka kidevuni ili anionyeshe, mle jikoni, chini ya taa ya umeme. "Namjua kwa mwendo wake. Namjua kwa kikohozi. Miaka hamsini, nimkose?"

Nilijua, bila shaka. Nimekulia katika ada hiyo. Mke hajifunui mbele ya kaka mkubwa wa mumewe, wala hazungumzi naye. Baba mkubwa akitaka chai Unguja, aliniambia mimi, nami nikamwambia mama aliyesimama hatua mbili kutoka hapo, na mama akaniambia mimi nimuulize sukari. Ila nilidhani yamekwisha. Hata kule Kutch wanawake wa siku hizi wameacha, wanapita na vichwa wazi wanawachekea shemeji zao. Sisi tuliotoka Unguja ndio tulioyabeba mambo ya zamani, tukayahifadhi Afrika, tukayaleta mpaka Kilburn, na wenyewe waliokuwa nayo walishayatupa. Polisi wa Kutch alimwona bibi wa London, amevaa sweta na viatu vya kamba juu ya soksi nene. Haikumpitia akilini kwamba mwanamke huyu bado anashusha sari. Akaandika kwa Kigujarati safi kwamba shahidi alimwona mshitakiwa vizuri mwanga ukiwapo, na mama akatia sahihi, maana kwake yeye ilikuwa kweli tupu.

Nilimwambia, "Mama, basi hukumwona mtu. Umeona miguu."

"Miguu yake."

"Champali zake. Na mwendo wa kuchechemea. Nani mwingine anachechemea katika nyumba ile?"

Najuta namna nilivyoliuliza, kwa ukali, kama bado nacheza uwakili. Maana tulijua wote wawili. Baba mkubwa aliteleza ngazini Unguja alipokuwa kijana, kifundo cha mguu wa kulia kikaunga vibaya, kisikunjike tena. Kaka alipoanza kutembea alikuwa akimfuata baba yake nyuma nyuma ukumbini, naye anachechemea, mtoto mzima mzima hana ugonjwa wowote. Watu walicheka wakamshangilia. Mwendo ukamganda. Alipokuja kututembelea London mtu mzima, nilimpokea uwanja wa ndege na nilimtambua kwa mbali, katika umati, kwa mwendo ule ule.

"Nyamaza," mama aliniambia. Sikuwahi kusikia sauti ile kwake. Akakunja gazeti na majani yake ndani, akaenda chumbani kwake, na methi yote ile ikaoza.

Asubuhi yake nilimpigia mwendesha mashtaka kutoka kazini, nimesimama kwenye ngazi za dharura za hospitali. Nilimweleza kuhusu sari. Akaniambia kwamba si tatizo. Mahakama zao zinakubali mtu kumtambua ndugu wa karibu kwa sauti na mwendo, hata gizani. Ila hakuna haja ya kuyatanguliza. Asipoulizwa habari za uso, asiseme. Nikamuuliza kama kaka alipimwa kiganja. Akasema kaka alikuwa Bombay siku hiyo. Nikamuuliza nani amesema. Akasema, kaka mwenyewe.

Jioni ile ile simu ililia nyumbani, na haikuwa Jumapili. Nilipokea mimi.

"Dada," kaka akaniambia, "nani amemuuliza mama mdogo habari za uso?"

Habari hiyo nilikuwa nimemwambia mtu mmoja tu, mwendesha mashtaka. Nilikuwa nikisikia pumzi zake, na nyuma yake honi za magari ya mji ule.

"Akibadilisha maneno watamfunga yeye. Kusema uwongo mahakamani ni jela, dada. Mwambie. Mie sitaki mama mdogo afungwe." Halafu kwa Kiswahili chake kile cha kitoto, taratibu: "Mie nampenda mama mdogo. Yeye ananipenda mie. Nipe niseme naye."

Nilikata simu. Mama alikuwa amesimama nyuma yangu, amevaa koti kana kwamba anatoka, na hakuwa anatoka kokote. Alisema tu, "Ni yeye?" Nikamwambia ndiyo. Kuanzia siku hiyo aliichomoa simu ukutani, na nyumba ikawa kimya kibaya, kila gari linalosimama chini ya dirisha tunasikiliza mlango wake ukifunguliwa. Kaka alikuwa bara jingine. Tuliambiana hilo, na tulifunga komeo zote mbili.

Hakuniambia atasema nini. Nilimwuliza mara moja, akanijibu, "Nimwue nani, niambie wewe msomi."

Siku yenyewe tulitoka kabla mji haujaamka vizuri, kwa sababu ya tofauti ya saa na India. Chumba kilikuwa katika ofisi moja katikati ya London, zulia la kijivu, meza, glasi ya maji na skrini ukutani. Ofisa mmoja kijana alikagua pasipoti ya mama na kumwambia kwa upole akae wapi. Mimi nilipewa kiti nyuma, nje ya macho ya kamera, na nikaambiwa nisifungue mdomo. Skrini ikawaka. Mahakama ya Kutch ikaonekana, watu wadogo wadogo kama wa kwenye stempu, mapangaboi yanazunguka juu yao, na jaji mwanamke mwenye nywele nyeupe. Kizimbani, pembeni kabisa mwa picha, alikaa mzee aliyenyoa kichwa. Niliumia moyo. Baba mkubwa niliyemjua alikuwa na nywele nyingi akizipaka mafuta ya nazi.

Na mstari wa nyuma, kwenye mabenchi ya watu, nilimwona kaka. Alikuwa mrefu kuliko wote waliomzunguka. Amekunja mikono. Anaitazama kamera.

Mwendesha mashtaka alimuuliza mama maswali yake kwa Kigujarati, moja baada ya jingine, na mama akayajibu kama tulivyozoea. Alivuka ua. Anachechemea. Champali zake. Mguu wa kulia, haraka. Nilijua linalofuata.

"Mtazame mshitakiwa aliye kizimbani," mwendesha mashtaka akasema. "Ndiye?"

Mama alifanya kitu ambacho mwili wake umefanya miaka hamsini. Alishusha sari mpaka kidevuni.

Mahakama ikanong'ona. Wakili wa utetezi, kijana mwembamba aliyekuwa amekaa amechoka, akasimama mara moja. Nilimwona ameelewa. Jaji naye alielewa, nadhani, maana alitabasamu kwa huzuni, akasema: "Mama, hapa hakuna shemeji. Hapa pana mshitakiwa. Fungua uso wako umtazame."

Mama akaifunua sari. Na kule upande wa pili, baba mkubwa, aliyekuwa amekaa kama gogo muda wote, aligeuza uso wake ukutani ili asimtazame. Baada ya rumande yote ile, bado anamstahi. Machozi yalinitoka nikayafuta kwa kiganja, nikimwogopa yule ofisa.

"Mshitakiwa aletwe mbele ya kamera," jaji akaamuru. "Apande hapa kwenye sehemu ya mashahidi, aonekane vizuri."

Askari wakamnyanyua. Baba mkubwa akaja, anachechemea, mwendo ule ule, hata mimi ningeapa. Akafika kwenye kidato cha sehemu ya mashahidi, akasimama. Akaweka mkono juu ya goti. Akatanguliza mguu wa kushoto, ule mzima, akausimamisha vizuri, kisha akauvuta wa kulia nyuma yake, taratibu, kwa maumivu, kwa sababu kifundo chake hakikunjiki na hakijawahi kukunjika tangu Unguja.

Mama alitoa sauti ndogo. Mimi nilichelewa kidogo, lakini nikalifikia. Mtu wa siku ile alipanda kidato kwa mguu wa kulia, haraka. Aliyejifunza kuchechemea kwa kuiga huchechemea njiani, na akifika ngazini na haraka zake hupanda kama mtu mzima wa afya.

"Ndiye?" mwendesha mashtaka akauliza tena.

"Siye," mama akasema.

"Mama, umeapa. Ulisema unamjua kwa mwendo."

"Namjua. Ndo maana nasema siye. Huyu hawezi kutanguliza mguu wa kulia. Nilikosea mimi. Nilizisikia champali nikajifunika." Alikuwa amenyooka kwenye kiti, uso wazi, anamtazama shemeji yake machoni, na baba mkubwa kwa mara ya kwanza alikuwa anamtazama yeye. Alikuwa akitikisa kichwa. Anamkataza. Kidogo kidogo, ila niliona, na mama aliona.

Jaji akainama mbele. "Basi ni nani, mama?"

Glasi ya maji ilikuwa mbele yake na hakuigusa. Nilihisi chumba kizima kimekuwa chembamba. Kwenye skrini, kule nyuma, kaka alikuwa amesimama.

"Mpimeni kiganja yule aliyesimama," mama akasema. "Ni mwanangu."

Walikipima. Kilikuwa chake. Habari zilitufikia kupitia yule wakili wa utetezi, ambaye alipiga simu mwenyewe kumshukuru mama, na mama hakutaka kuongea naye. Kaka alikamatwa. Baba mkubwa aliachiwa akarudi nyumba ile, peke yake.

Mimi, mtu wa maabara, nilikuwa sahihi. Nilingoja nijisikie furaha, hata kidogo. Mama aliacha kwenda sokoni. Alikaa kwenye kiti kilicho karibu na hita, mchana kutwa, sari begani, na madereva wa basi wa Kilburn wakapumzika.

Jumamosi moja mchana simu ililia, nilikuwa nimeshairudisha ukutani. Sauti ya mzee ikaniuliza kwa Kiswahili cha Unguja, safi kabisa, kama aliondoka jana: "Mama yako yupo?" Sikusikia sauti ile tangu msiba wa baba. Nikaanza kusema, kama nilivyofanya utotoni, "Niambie mie nimwambie," akanikatiza. "Mpe simu."

Simu yetu ya zamani ina sauti kubwa, na nilisikia kila neno. Hakumsalimia.

"Nilikuwa nimeshakubali," baba mkubwa akasema. "N'na miaka mingapi miye? N'ngefia mle ndani, yeye abaki. Nilimwona anatoka mlango wa nyuma, nikanyamaza. Sikusema neno kwa polisi, kwa wakili, kwa mtu. Nilikuwa nimeshamaliza. Nani alikutuma unitazame?"

Mama alikuwa amesimama. Mkono wake ulikwenda kwenye sari, ukaishika pindo, ukaiacha. Nilimwona anatafuta maneno ya kumwambia mtu ambaye hajawahi kumwambia hata karibu chai.

"Fundi alikuwa akinisalimia kila asubuhi," akasema mwisho. "Na yule nimemnyonyesha miye, si wewe. Kama ningekujua uso wako, nisingekupeleka jela kwa makosa. Wala nisingelazimika kumtoa yeye mbele za watu. Ungeniachia nikutazame hata mara moja, shemeji."

Upande wa pili kulikuwa na mtu mzee anayelia. Mama alimsikiliza mpaka simu ikakatika yenyewe. Aliiweka chini, akakaa.

"Niulizie wewe, mwanangu, unayejua kusema nao," akaniambia. "Kule jela, mama mdogo wanamruhusu kumwona? Au mpaka awe mama aliyezaa?"

Nikamwambia nitauliza.